Shikamoo Mbele ya Ufa

Isdori, fundi baiskeli wa Msanzi, ana miaka hamsini na minane na kaka mwenye miaka ishirini na mitano. Wageni wanaosimama kibandani kwake kuziba pancha hudhani wamesikia vibaya. Hawajasikia vibaya. Kaka mtu ndiye yule kijana mrefu anayeshikilia gurudumu, na fundi mwenye mvi anapompa spana humpa kwa mikono miwili, kama mtu anavyompa mkubwa wake.

Kabla ya Machi mwaka huu Isdori hakuwa na mkubwa. Baba na mama yake walishalala makaburini kando ya kanisa la kigango, na katika kitongoji chake cha Mawe Mawili, hapohapo Msanzi, yeye ndiye aliyebaki wa kuamkiwa katika ukoo wake. Aliipenda nafasi hiyo bila kuficha. Kuna wanaopenda pombe ya ulezi, kuna wanaopenda mpira. Isdori alipenda shikamoo. Jumapili alitoka kanisani wa kwanza, wimbo wa mwisho ukiwa bado njiani, akasimama mlangoni na koti lake la kahawia ili kila anayetoka apite mbele yake. Vijana waliopita na "mambo, fundi" hakuwagombeza. Siku wakileta baiskeli, aliwafungia mnyororo ukiwa umelegea kidogo.

Doa moja tu lilimsumbua: harusi yake. Ilifanyika mwaka 1990, mwaka wa shida, na wageni walilishwa maharage. Miaka thelathini na minne baadaye bado kulikuwa na wazee waliomwita Bwana Maharage, tena mbele ya wateja.

Shamba lake liko mwendo wa dakika ishirini kutoka nyumbani, kwenye mteremko unaoshuka mtoni. Analima kama Wafipa walivyolima siku zote, kwa matuta ya mviringo yanayoitwa intumba: mvua zingali zinanyesha, majani mabichi yanafunikwa kwa udongo yaoze humo ndani, na msimu unaofuata tuta linasambazwa na kupandwa. Kati ya tuta la nne na la tano, ukihesabu kutoka mtoni, kuna Ufa.

Ufa haufunguki hovyo. Marehemu baba yake aliuona mara moja, na Isdori sasa ameuona mara mbili. Ukifunguka unakaa siku nane, na siku ya tisa, umande unapokauka, unajifunga. Kwa macho si kitu cha kutisha. Ni mstari uliosimama wima, umezidi urefu wa mtu kidogo, kama chandarua kilichochanika, na upepo unaotoka humo una harufu ya siku nyingine: moshi wa moto ambao hakuna aliyeuwasha, mvua ambayo haijanyesha. Ukichungulia unaona shamba lilelile, ila jua limekaa pengine.

Katikati yake ndiyo njia. Kingo zake ndizo zinazoua. Safari hii jogoo wa Adolfu, jirani wa upande wa mtoni, alipita akagusa ukingo wa kulia. Aliingia akiwika. Kilichobaki upande huu kilikuwa mifupa mikavu, imesimama vizuri kwa miguu miwili, kama iliyokaa juani miaka hamsini. Kuwika kwenyewe kulimalizikia keshokutwa yake, wakati Adolfu anakunywa chai.

Ufa ulipofunguka mara ya kwanza machoni pa Isdori, ilikuwa Machi 1988. Kaka yake Wilibrodi aliondoka asubuhi ya Ijumaa na jembe begani, akamalizie matuta kumi na saba kabla ya Jumamosi ya wiki inayofuata, siku yake ya kufunga ndoa na binti mmoja wa Msanzi aitwaye Bertila. Hakurudi. Walikuta kofia. Zikasomwa misa tatu, Bertila akalia miaka miwili, kisha akaolewa na mdogo mtu. Ndiyo ile harusi ya maharage. Wakapata watoto saba.

Machi mwaka huu, asubuhi ya Ijumaa, Bertila alikuwa uani anapepeta ulezi. Ana miaka hamsini na sita na maneno machache. Kijana akaingia, akatua jembe chini kwanza, maana Mfipa aliyelelewa hasalimii mtu na jembe begani, akachuchumaa na kupiga makofi ya polepole.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu," Bertila alijibu, macho kwenye ungo.

"Samahani, mama, naona hapa nyumbani pamebadilika. Bati hizi za nani? Namuulizia Bertila."

"Bertila yupi?"

"Mchumba wangu. Tunafunga ndoa Jumamosi."

Bertila akainua macho. Ungo ukamwagika, kuku wakaja. Kisha akauliza swali ambalo watu wa Mawe Mawili bado wanalirudia wakitaka kucheka:

"Jumamosi ipi?"

Isdori alipofika kwa baiskeli kula chakula cha mchana, aliona kijana mgeni kwenye kigoda, analia taratibu kwa heshima, na mke wake amesimama kando na kikombe cha maji. Kijana alipomwona mzee mwenye koti, akafuta machozi, akachuchumaa, akapiga makofi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, marahaba! Hujambo, kijana?" Isdori aliipokea kama alivyozipokea zote, kwa kifua kilichojaa.

"Isdori," Bertila alisema, "umepokea shikamoo ya kaka yako."

 Wilibrodi aliinuka polepole, akamzunguka yule mzee, akalitazama sikio lake la kushoto, lililong'atwa na mbwa mwaka 1974. Lilikuwa lilelile.

"Wewe ni Isdori?"

"Ni mimi."

"Irudishe."

"Nirudishe nini?"

"Shikamoo yangu. Nimekupa kwa makosa. Irudishe."

Mtu mwingine angemkumbatia nduguye. Isdori alitaka kumkumbatia, mikono ilishanyooka. Lakini lile neno lilimkwama. Alimwona kijana asiye na unywele mmoja mweupe, mdogo kwa watoto wake sita wa kwanza, amesimama uani kwake anamdai heshima mbele ya mke wake.

"Tule kwanza," alisema.

Ndivyo walivyoanza siku nane za kutosalimiana. Wilibrodi alilala chumba cha watoto, akaamka alfajiri, akapita mbele ya mdogo wake akitazama paa. Isdori alipita mbele ya kaka yake akitazama kuku. Alimwita "wewe", Wilibrodi alimwita "dogo", akamtuma maji ya kunawa mbele ya wateja wawili. Maji hayakuja.

Jenifer, kitinda mimba, mwenye miaka kumi na tisa, ndiye pekee aliyefurahi moja kwa moja.

"Baba mkubwa, mambo?"

"Mambo gani?" Wilibrodi aliuliza kwa wasiwasi. "Kuna mambo mengine tena?"

"Unasema poa."

"Nani kapoa?"

Jumapili wakamwita katekista Rafaeli aamue. Rafaeli ni mtu wa vitabu. Alileta rejesta ya ubatizo, akavaa miwani, akasema kwa rejesta Wilibrodi ni mkubwa kwa miaka mitatu, lakini kwa siku alizoishi juani ni mdogo kwa miaka thelathini na mitatu, na kwamba hali hii haikuzungumzwa kwenye semina. Akapendekeza waambiane "habari" tu.

"Habari?" Isdori aliruka. "Kama watu waliokutana stendi?"

"Habari nitampa mwenzangu," alisema Wilibrodi. "Huyu nilimfundisha kujifunga kaptula."

Ilikuwa mara ya kwanza kukubaliana tangu Ijumaa.

Jumatatu akaja afisa mmoja kwa pikipiki, na fomu. Fomu ilikuwa na nafasi ya urefu, upana na kina cha shimo. Alijaza viwili vya kwanza, kalamu ikasimama juu ya cha tatu muda mrefu, kisha akaandika "miaka 36" na kuomba maji ya kunywa. Akaagiza Ufa uzungushiwe miiba. Ikazungushwa, na usiku huohuo ng'ombe mmoja mwekundu wa Maganga akaipenya miiba, akapita katikati ya Ufa bila kugusa kokote, akaenda zake.

Maganga ni Msukuma. Familia yao ilihamia Ufipa na mifugo yao mwaka 1996, na shamba lao linapakana na la Isdori. Jumanne asubuhi alifuata kwato hadi kati ya tuta la nne na la tano, akavua kofia.

Asubuhi hiyohiyo Isdori alikuwa njiani kwenda kibandani alipokutana na Bi Debora, bibi wa miaka themanini, msemaji mkuu wa yale maneno ya Bwana Maharage. Isdori alijiandaa kupita haraka.

"Mwanangu Isdori," Bi Debora alisema, "jana nimeota nyama ya harusi yako. Mpaka leo sijala nyama kama ile."

"Nyama gani, bibi?"

"Ya yule ng'ombe mwekundu aliyeokotwa! Alikaa kwa baba yako miaka miwili, mwenyewe hakutokea. Umesahau harusi yako mwenyewe?"

Alipofika kibandani, wazee wawili walimsifia ile nyama kabla hajafungua kufuli. Hakuna aliyekumbuka maharage. Alirudi nyumbani mbio, akamkuta Bertila amekaa kitandani ameshika funguo zake za sanduku. Zilikuwa zimefungwa kwenye hereni ya plastiki ya njano, ile wanayovalishwa ng'ombe siku hizi, ina namba. Jana yake zilikuwa zimefungwa kwa uzi.

"Wewe unakumbuka nini?" Isdori alinong'ona.

"Nakumbuka maharage," alisema Bertila. "Na nakumbuka nyama. Vyote viwili, kama harusi mbili."

Wao wawili tu ndio waliokumbuka vyote. Labda ni kwa sababu wamelima na kula pembeni ya Ufa maisha yao yote, hakuna aliyepima. Maganga alipoiona ile hereni aliisoma namba mara tatu.

"Yaani mmemla ng'ombe wangu," alisema, "kabla baba yangu hajahamia huku. Kabla hata mama yake ng'ombe hajazaliwa."

"Alikaa miaka miwili," Bertila alisema. "Tulimsubiria mwenyewe."

"Mwenyewe nilikuwa naenda darasa la tatu Shinyanga!"

Mtu mwenye busara angenyamaza hapo. Isdori hakunyamaza. Miaka thelathini na minne alikuwa Bwana Maharage, na sasa kwa usiku mmoja alikuwa mtu aliyelisha kitongoji kizima nyama. Jioni, kwa mara ya kwanza, alimwendea Wilibrodi mwenyewe, akavuta kigoda, akamsimulia: kwamba ng'ombe ameingia leo na kutokea 1988, kwamba harusi imebadilika sahani kwa sahani, kwamba hata Bi Debora amekiri. Alisimulia vizuri. Alikuwa amefika kwenye supu alipoona uso wa kaka yake.

"Kumbe mlango unarudi," alisema Wilibrodi.

Isdori akasogeza kigoda nyuma.

"Sikusema hivyo."

"Umesema. Ng'ombe kaingia leo, katokea siku zangu. Na mimi nikiingia siku ya tisa, natokea Jumamosi. Siku ya ndoa yenyewe. Hakuna hata atakayepata muda wa kuniuliza nilikuwa wapi."

"Na mimi je?"

"Wewe utakuwa na miaka ishirini na miwili. Utaoa."

"Nimeshaoa! Nina watoto saba!"

"Utapata wengine," Wilibrodi alisema, na hakusema kwa ubaya. "Isdori, mimi asubuhi ile niliamkiana na mama. Nimerudi mchana nikaonyeshwa kaburi lake. Wewe una mke, una saba, una koti. Mimi nina jembe. Matuta yangu kumi na saba hayajafunikwa."

Isdori alijua ni kweli. Alikaa akipiga hesabu gizani. Kama ng'ombe mmoja ametosha kubadilisha sahani zote, bwana harusi atabadilisha nini? Jumamosi saa tatu asubuhi nyumba hii itakuwa na watu wengine. Jenifer hatakuwepo wa kumsalimia mtu "mambo". Na yeye mwenyewe huenda asikumbuke hata kulia.

Lakini hofu iliyomla zaidi hakuisema. Bertila hakuwahi kuombwa achague kati yao wawili. Mwaka 1988 alichagua Wilibrodi, mrefu, mcheza ngoma, mwenye meno yote. Isdori alikuja baada ya misa ya tatu. Na sasa kulikuwa na mlango shambani, na nyuma ya mlango Bertila mwenye miaka ishirini, magoti mazima, anasuka nywele za harusi.

Alijaribu kuuliza Alhamisi.

"Bertila. Ukijihesabu mwenyewe, moyoni, unajiona una miaka mingapi?"

"Swali gani hilo?" Bertila alisema. "Kaoge."

Wilibrodi naye alijaribu, siku hiyohiyo, kwa adabu zake zote. Alitua jembe, akachuchumaa, akakwama kwenye kumwita.

"Si kwamba nakudharau, mama... shemeji... mchumba."

"Chagua moja," Bertila alisema, "uendelee."

"Nataka nikakuoe."

Bertila akamtazama muda mrefu, kama anavyotazama ulezi kuona kama una mchanga. Akasema amesikia, akaingia ndani.

Ijumaa alasiri Isdori akiwa kibandani alimwona mke wake anapita barabarani amevaa kitenge cha Krismasi na kikapu mkononi. Aliingia kwa katekista Rafaeli. Akatoka, akaingia kwa Bi Debora. Akatoka, akaenda upande wa kwa Maganga. Nyumba kwa nyumba, hadi jua linazama. Isdori alijua mtu anayefanya hivyo anafanya nini. Anaaga.

Jumamosi alipoamka, upande wa pili wa kitanda ulikuwa baridi. Jembe la Wilibrodi halikuwepo mlangoni. Isdori alichukua koti, akalivaa kichwa chini, akalivua, akalivaa tena, akarukia baiskeli.

Njia ya kwenda shambani ni nyembamba na imepakana na mahindi kulia na kushoto. Alipopinda kona ya kwanza alifunga breki.

Katekista Rafaeli alikuwa amekaa kwenye kigoda, katikati ya njia, saa kumi na mbili na nusu asubuhi, na blanketi mabegani. Mbele yake vilionekana vigoda vingine, kimoja kila baada ya hatua thelathini, na juu ya kila kigoda mzee wa Mawe Mawili. Walikuwa kumi na wawili. Na kwa mbali, mbele ya kigoda cha sita, jembe likiwa chini, Wilibrodi alikuwa amechuchumaa anapiga makofi.

"Bertila katupanga," Rafaeli alisema bila kuulizwa. "Kasema tumuage vizuri. Mimi nimemuuliza hali ya mama yake, ikabidi tusali kidogo."

Isdori alishika usukani, macho yakamjaa. Kumbe jana Bertila hakuwa anaaga. Alikuwa anapanga vigoda.

Mpango ulimfaa Wilibrodi na si mtu mwingine. Kijana wa leo angepita mbio, angeinua kidevu na kupotea. Wilibrodi alilelewa na mama ambaye hakumpa mtoto ugali mpaka amwamkie hata mgeni aliyelala. Aliona jua linapanda, alijua anachofanyiwa, na hakuweza kuwapita bila kuwaamkia. Alitua jembe, akachuchumaa, akapiga makofi, akajibu hali ya mvua, ya ulezi, ya marehemu mmoja mmoja, akabeba jembe, akakimbia hatua thelathini, akatua jembe. Bi Debora alisalimiwa, akauliza yote, akasahau kama amesalimiwa, akaanza upya. Hakuna aliyejua kama alisahau kweli.

Wa mwisho alikuwa Maganga, na salamu za Kisukuma nazo si fupi. Aliulizia ukoo, akaulizia malisho.

"Na ukifika huko," alimalizia, "mwambie mzee wako yule ng'ombe asimlishe mabua makavu. Tumbo lake halipendi."

"Nitamwambia, baba."

"Hata sijazaa mtoto wa umri wako. Haya, pita."

Wilibrodi akabeba jembe, akapita. Mbele yake hakukuwa na kigoda tena. Kulikuwa na Isdori, aliyekatiza katikati ya mahindi akisukuma baiskeli, amesimama kati ya tuta la nne na la tano, anahema, majani kwenye mvi. Nyuma yake Ufa ulikuwa umepungua. Juzi ungepitisha ng'ombe. Sasa ungepitisha mtu mwembamba anayekwenda ubavu. Umande ulikuwa umebaki upande wa kivuli tu.

"Dogo, pisha."

"Sipishi."

"Nitakusukuma."

Angeweza. Isdori alimtazama mabega, akatazama magoti yake mwenyewe, akajua vita hiyo ingechukua dakika moja. Nyuma ya Wilibrodi wazee walikuwa wanakuja na vigoda vyao mikononi, na Bertila katikati yao. Wote wangeona. Wateja wake wote, Bi Debora, kila aliyewahi kupita mlangoni pa kanisa.

Akalaza baiskeli. Akavua koti, akalitandika juu ya tuta. Kisha Isdori akachuchumaa, magoti yakalia kama kuni, akakunja viganja na kupiga makofi ya polepole, matatu, kama walivyofundishwa wote wawili na mama mmoja.

"Shikamoo, kaka."

Wilibrodi alisimama. Aliutazama Ufa, akamtazama yule mzee aliyechuchumaa. Shikamoo haiachwi hewani. Akatua jembe chini, ncha ya mpini ikilala mlangoni pa Ufa.

"Marahaba, mdogo wangu. Umeamkaje?"

"Nimeamka salama, kaka."

"Nyumbani hawajambo?"

"Mke wangu hajambo. Watoto hawajambo. Niwataje?"

Mtu anaweza kusema nimesikia, nashukuru, nina haraka. Kaka mkubwa hawezi.

"Wataje," alisema Wilibrodi.

"Wa kwanza ni Wilibrodi."

"Nani?"

"Wilibrodi. Alizaliwa mwaka mmoja baada ya ndoa, mama akasema jina hilo lisikae bure. Yuko Mpanda, anaendesha trekta. Mrefu, anagonga mlango wangu kwa paji. Akiudhika anatoa ulimi pembeni, hivyohivyo unavyoutoa wewe sasa hivi."

Wilibrodi akaurudisha ulimi.

"Wa pili Scola, muuguzi, anapiga watu sindano hawasikii. Wa tatu Raymond, huyo ana deni la kunipigia simu. Wa nne Jane, ana duka la vitambaa Mazwi, hakopeshi hata mama yake. Wa tano Loth, yupo seminari, tunaomba Mungu amalize, maana anapenda sana kucheza. Wa saba Jenifer, unamjua."

Ufa ulikuwa umebaki upana wa sahani. Kwa mtu jasiri, mwenye haraka, labda ungemtosha kwa kichwa na bega. Wilibrodi aliutazama, midomo ikihesabu kitu. Akageuka.

"Umeruka wa sita."

"Ee?"

"Umesema saba. Umetaja sita. Wa sita yuko wapi?"

"Shedrack!" Isdori alijipiga kofi kwenye paji la uso. "Nimemsahau Shedrack!"

"Mtu anasahauje mtoto?" Wilibrodi aliuliza kwa ukali, na sauti ilikuwa ya baba yao mtupu. "Anafanya nini?"

"Fundi baiskeli. Kama mimi. Ndiyo maana nilimsahau, nipo naye kila siku."

"Na wajukuu?"

Isdori akainua kichwa. Hilo hakulitegemea. "Kumi na mmoja, kaka."

"Taja," alisema Wilibrodi, akaketi chini juu ya majani, mgongo wake ukiwa upande wa Ufa.

Ulijifunga mjukuu wa nne akitajwa, kwa sauti ndogo kama kitambaa kinachochanwa kwa kurudi nyuma. Ncha ya mpini wa jembe, iliyokuwa imelala mlangoni, iligeuka vumbi la mti uliooza zamani, na vumbi likaenda na upepo. Wilibrodi alilitazama lile vumbi, akajipapasa bega. Kisha akatazama njia, ambako Bertila alikuwa amesimama na kigoda kisicho na mtu.

"Mmemaliza kusalimiana?" Bertila aliuliza.

"Bado wajukuu saba," Isdori alisema, angali amechuchumaa, kwa sababu hakuweza kuinuka.

"Malizieni nyumbani. Uji unapoa."

Kaka mtu ndiye aliyemvuta mkono akasimama.

Wiki kadhaa baadaye Isdori alimuuliza mke wake kwa nini alivipanga vile vigoda. Bertila alikuwa anachambua maharage. Alisema mama mkwe alikuwa mtu mwema lakini alimtwangisha ulezi kuanzia saa kumi alfajiri, na yeye hana nia ya kuutwanga upya ule ambao alishautwanga. Baada ya muda akaongeza kwamba na Shedrack naye wangemsahau kabisa. 

Matuta kumi na saba yalifunikwa Jumatatu, na watu wawili. Wilibrodi sasa analala chumba cha uani na anajifunza ufundi kwa Shedrack, mtoto wa mdogo wake, tena anayemzidi mwaka mmoja, ambaye humwita baba mkubwa na kumrekebisha kila dakika. Kitambulisho chake kinasema amezaliwa 1963. Foleni ya wazee zahanati hupanga wa kwanza, na wazee humpisha wakicheka, ila humbidi awaamkie wote kwanza hadi zamu yake inapita. Maganga amekubali kwamba ng'ombe wake aliliwa kwa heshima. Kila akipita huomba kuishika ile hereni.

Isdori bado anatoka kanisani wa kwanza na bado anasimama mlangoni na koti. Kando yake sasa husimama kijana, na watu wanaotoka hawajui waanzie wapi. Jumapili iliyopita mmoja wa vijana wa pikipiki alipita na "mambo, fundi". Isdori hakukasirika. Alimwonyesha kaka yake kwa kidevu.

"Anza na mkubwa," alisema.

Kijana alicheka, akaenda zake. Mnyororo wake bado umelegea.